Kiapo cha Askari na Dhamiri Yake



Liko swali ambalo vijana wa sharika zetu huliuliza wanapojiandaa kuingia jeshini au katika polisi, nao wazee huliuliza wanapowakumbuka babu zao waliokuwa askari zamani za Wadachi. Swali lenyewe ni hili: Mtu aliyeapa kumtii mkuu wake, kisha akaamriwa kutenda uovu, naye akautenda, hatia ni ya nani? Wengi hujibu upesi ya kuwa askari ni mkono tu, na kichwa ndicho kitakachohukumiwa. Jibu hili ni tamu, maana humpunguzia mzigo kila mtu isipokuwa mmoja. Na huyo mmoja akiisha kufa, basi uovu wote umekosa mwenyewe. Mwezi huu twataka kulipima jibu hilo kwa habari za Adolf Hitler, mtawala wa Ujerumani, na za askari waliomtumikia.

Mtu asiseme kwamba habari hizi ni za mbali. Sisi tukaao hapa Magamba twajua ya kuwa mji wa Lushoto ulioko chini yetu uliitwa Wilhelmstal, yaani Bonde la Wilhelm, kwa jina la Kaisari wa Wajerumani. Shamba la Sakharani limebaki na jina ambalo watu walimpa ofisa Tom von Prince, aliyeuawa katika vita vya Tanga mwezi wa Novemba 1914. Injili nayo ililetwa milimani kwetu na Wajerumani, waliofika Mlalo mwaka 1891. Wema na ubaya wa nchi ile umepita katika nyumba zetu. Kwa hiyo yatupasa kuutazama bila upendeleo na bila chuki.

Hitler hakuipata nchi yake kwa vita. Tarehe 30 Januari 1933 alipewa uwaziri mkuu na Rais Hindenburg kwa njia ya sheria. Kabla mwaka huo haujaisha vyama vingine vyote vilikuwa vimekwisha kufutwa. Tarehe 2 Agosti 1934 Rais akafa, naye Hitler akaviunganisha vyeo vyote viwili kuwa kimoja. Siku ile ile askari walipangwa mistari katika kambi zao, wakaapishwa kiapo kipya. Zamani askari wa Ujerumani alikuwa ameapa kuwa mwaminifu kwa katiba, na baadaye kwa taifa lake na nchi yake. Sasa aliapa mbele za Mungu ya kuwa atamtii Adolf Hitler, kwa jina lake, bila sharti lo lote.

Angalieni mabadiliko haya, maana ndiyo mzizi wa mambo yote yaliyofuata. Jina la mtu mmoja liliwekwa mahali pa nchi na sheria. Jina la Mungu halikuondolewa. Lilibaki katika kiapo, likabaki pia katika bamba la mkanda wa askari, palipoandikwa kwamba Mungu yu pamoja nasi. Lakini Mungu aliitwa awe shahidi tu, na utii usio na mpaka, ambao ni haki yake peke yake, akapewa mwanadamu.

Tena kiapo kile kilikuwa na upande mmoja. Askari alijifunga kwa Hitler, lakini Hitler hakujifunga kwa askari, wala kwa nchi, wala kwa sheria. Wazee wetu Washambaa wasingalikubali jambo kama hili. Katika masimulizi yao Mbegha alikuwa mwindaji tu. Aliwaua nguruwe waliokuwa wakiharibu mashamba, akawagawia watu nyama, nao kwa ajili ya wema huo wakampa utawala. Na kila mkuu aliyekaa Vuga baada yake alipimwa kwa neno moja: je, kazi yake ni kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, au ni kubana shi, yaani kuiharibu? Baada ya kufa kwake Kimweri ye Nyumbai, Wakilindi waligombana wao kwa wao na watu wakauzwa utumwani. Ndipo Wabondei wakauasi utawala wao. Waliona ya kuwa utii ni kama mzigo wa kubebwa na watu wawili kwa mti mmoja: mmoja akiutupa upande wake, mwingine hawezi kulaumiwa akiutua.

Sasa na tutazame matunda ya kiapo kile. Tarehe 1 Septemba 1939 majeshi ya Hitler yaliingia Poland, na tarehe 22 Juni 1941 yakaingia nchi za Urusi. Askari wa Kirusi waliotekwa waliachwa kwa mamilioni wafe kwa njaa na baridi. Wayahudi wapatao milioni sita, wanaume, wanawake na watoto, waliuawa kwa risasi, kwa njaa na kwa moshi wa sumu. Hitler mwenyewe hakumpiga risasi hata mmoja wao. Kazi ile ilifanywa na watu wenye majina yao na nyumba zao, ambao wengi walikuwa wamebatizwa katika makanisa kama yetu.

Twataja siku moja tu. Asubuhi ya tarehe 13 Julai 1942, kikosi cha polisi wa akiba nambari 101, kilichotoka mji wa Hamburg, kilifika katika mji mdogo wa Józefów katika Poland. Wengi wao walikuwa watu wazima, wafanyakazi wa bandari na wa maghala, wenye wake na watoto. Mkuu wao, Meja Wilhelm Trapp, aliwaambia huku akilengwalengwa na machozi ya kuwa wameamriwa kuwaua Wayahudi wa mji ule. Kisha akasema neno ambalo askari hawakulitazamia: mzee ye yote asiyejiona kuwa aiweza kazi hii na atoke mstarini. Kikosi kilikuwa na watu wapatao mia tano. Waliotoka pale walikuwa kama kumi na wawili tu. Wengine walijiondoa baadaye, walipokwisha kuanza kuua na mioyo yao ikashindwa. Lakini walio wengi waliendelea mpaka jioni, na Wayahudi wapatao 1,500 walikufa siku hiyo.

Wale waliotoka mstarini walipatwa na nini? Walitukanwa na wenzao kuwa ni waoga, wakapewa kazi nyingine, hawakuuawa. Na katika kesi nyingi zilizokuja baada ya vita, washtakiwa na mawakili wao hawakuweza kuonyesha hata mtu mmoja aliyeuawa kwa sababu alikataa kuwapiga risasi raia wasio na silaha. Basi ni nini kilichowazuia wale wengine? Si hofu ya kifo. Ilikuwa haya mbele ya wenzao. Mtu aliona ni afadhali kumwua mtoto wa mtu kuliko kuchekwa na rafiki zake wa mstari mmoja. Bendera hufuata upepo; lakini mtu si bendera.

Habari hii yafanana sana na ile tusomayo katika Samweli wa Kwanza, mlango wa 22. Mfalme Sauli, kwa wivu wake juu ya Daudi, aliwaamuru askari waliomzunguka wawaue makuhani wa Nobu. Askari wale walikuwa watu wake mwenyewe, nao walikuwa wamezoea kumtii. Lakini hawakukubali kuinyosha mikono yao juu ya makuhani. Ndipo akamgeukia Doegi Mwedomi, naye Doegi akawaua watu 85 kwa siku moja. Mfalme alikuwa yule yule, na amri ilikuwa ile ile. Kama hatia yote ni ya mkuu, basi hapana tofauti kati ya Doegi na askari wale waliosimama na mikono yao chini. Lakini kila mtoto wa shule ya Jumapili aijua tofauti hiyo.

Mtu atasema: Je, hapakuwa na watu waliokufa kwa kukataa? Walikuwapo, na yatupasa kusema kweli juu yao. Aliyekataa kazi moja ya uovu mara nyingi aliachwa. Lakini aliyekataa kuingia jeshini kabisa alihukumiwa kufa. Franz Jägerstätter alikuwa mkulima wa Austria, mtu wa Kanisa Katoliki, mwenye mke na binti wadogo watatu nyumbani, naye alikuwa mtunzaji wa kanisa la kijiji chake. Alipoitwa vitani alikataa kumpigania Hitler, maana aliona ya kuwa vita vile ni vya dhuluma. Alikatwa kichwa tarehe 9 Agosti 1943. Kwa hiyo hatuwaambii vijana ya kuwa kutii dhamiri ni jambo rahisi, wala hatusemi ya kuwa kila aliyeogopa alikuwa mwuaji. Askari wengi wa Hitler walikuwa vijana wa miaka kumi na minane, walioitwa kwa sheria, wakapelekwa mahali wasipopajua. Mungu aijuaye mioyo atawapima kwa kipimo cha haki kuliko chetu. Lakini kumhurumia mtu ni jambo moja, na kusema ya kuwa hana la kujibu ni jambo jingine.

Tena uovu hauanzi na bunduki. Huanza na karatasi. Nasi wa Usambara twaweza kulitazama jambo hili katika nyumba ya wazazi wetu wa imani. Wamishonari waliokuja kwetu waliungana na Bethel, mji wa rehema ulioko Bielefeld, ambako wenye kifafa na wagonjwa wa akili walitunzwa kwa maelfu. Kutoka katika roho hiyo kilitokea kituo chetu cha Lutindi, kilichokuwa kwanza makao ya watoto waliookolewa katika utumwa, kisha hospitali ya wagonjwa wa akili. Mwaka 1933 serikali ya Hitler ilitoa sheria ya kuwapasua wagonjwa wa namna fulani ili wasizae, na Bethel wakaifuata sheria hiyo. Mwaka 1940 zilikuja karatasi nyingine, za kuandika jina la kila mgonjwa na kazi awezayo kuifanya. Wakubwa wa Bethel walikwisha kupata habari ya kuwa anayeonekana hafai kitu huchukuliwa na kuuawa. Ndipo Mchungaji Friedrich von Bodelschwingh, mkuu wa Bethel, akakataa kuzijaza karatasi zile, akaenda huku na huku kuwasihi wenye mamlaka. Mwenzake Mchungaji Paul Braune aliandika barua ndefu ya kuipinga kazi hiyo, akatiwa gerezani miezi kadhaa. Wagonjwa Wayahudi wa Bethel walichukuliwa mwezi wa Septemba 1940 wakauawa. Walio wengi waliobaki waliokoka, lakini katika Ujerumani yote wagonjwa zaidi ya 70,000 waliuawa kabla ya mwezi wa Agosti 1941, na wengine wengi baadaye.

Twajifunza nini? Ya kuwa haba na haba hujaza kibaba, hata katika ubaya. Aliyekubali karatasi ya kwanza aliona vigumu kuikataa ya pili. Tena ya kuwa mtu aweza kusimama hata akiwa amekwisha kupiga hatua za kwanza katika njia mbaya. Hapa Magamba dayosisi yetu ilianzisha mwaka 2007 chuo chenye jina la Askofu Sebastian Kolowa, kwa kusudi la kuwaandaa walimu wa watoto wenye ulemavu. Serikali ile ya Hitler ingaliwaita watoto hao midomo isiyo na kazi. Basi kila mwalimu anayemshika mkono mtoto asiyeona ayapinga maneno hayo ya Hitler, hata kama hajapata kulisikia jina lake.

Yuko na mtu wa kwetu tusiyepaswa kumsahau. Mahjub bin Adam Mohamed, ambaye Ulaya alijulikana kwa jina la Bayume Mohamed Husen, alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Baba yake alikuwa askari wa Wajerumani. Vita vilipoanza mwaka 1914 naye aliingizwa jeshini, mtoto wa miaka kumi. Vita vilipokwisha alifanya kazi melini, na mwaka 1929 akafika Berlin, akadai mshahara ambao yeye na baba yake hawakulipwa. Akakataliwa. Alifanya kazi ya kuandalia watu meza, akasaidia pia kufundisha Kiswahili katika chuo kikuu. Akaomba nishani ya waliopigana vitani. Akakataliwa, kwa kuwa ni mtu mweusi. Mwaka 1939 akajitoa tena kuwa askari, akakataliwa. Mwaka 1941 alikamatwa kwa kushtakiwa ya kuwa amekuwa na mwanamke mzungu, akapelekwa bila hukumu katika kambi ya Sachsenhausen, akafa huko tarehe 24 Novemba 1944. Mwaka 2007 liliwekwa jiwe dogo la ukumbusho mbele ya nyumba alimokaa Berlin. Yeye aliutimiza upande wake wa agano tangu utoto wake. Upande wa pili haukuwapo kamwe. Hivyo ndivyo kiapo cha upande mmoja kinavyowalipa walio waaminifu.

Lakini tusimlilie Husen tu, tukajiona sisi sote kuwa wenye kudhulumiwa. Katika vita vya Maji Maji, miaka ya 1905 hata 1907, Gavana von Götzen na maofisa wake walitumia njaa kuwa silaha. Vijiji vilichomwa, ghala zikateketezwa, mashamba yakaharibiwa, na njaa ikaua watu wengi kuliko risasi. Waliotoa amri walikuwa Wajerumani. Lakini walioshika mienge, walio wengi, walikuwa askari Waafrika. Kipimo kile tunachompimia polisi wa Józefów, hicho hicho yatupasa kuwapimia askari wa Maji Maji, na kujipimia sisi wenyewe. Haki ikibadilika kwa rangi ya mtu si haki tena.

Mahakama ya Nuremberg, iliyowahukumu wakubwa wa Ujerumani katika miaka ya 1945 na 1946, ilifuata kanuni hii: amri ya mkuu haiondoi hatia, ila yaweza kupunguza adhabu. Jemadari Wilhelm Keitel, aliyetia sahihi amri nyingi za Hitler, alinyongwa tarehe 16 Oktoba 1946. Watu wengine walidhani kanuni hiyo ni mpya. Kwetu Walutheri si mpya. Mwaka 1526 Martin Luther aliandika kitabu juu ya swali kwamba askari naye aweza kuokoka, akafundisha ya kuwa kazi ya askari yaweza kuwa halali. Lakini askari ajuaye kwa hakika ya kuwa bwana wake anapigana vita vya dhuluma, yampasa amche Mungu kuliko mwanadamu. Ungamo la Augsburg la mwaka 1530, katika sehemu yake ya 16, lasema Wakristo wawatii wenye mamlaka, isipokuwa pale wanapoamriwa kutenda dhambi. Hata Warumi 13, mlango ambao Wajerumani wengi waliutaja ili kutuliza mioyo yao, wamwita mtawala mtumishi wa Mungu kwa ajili ya mema. Mtumishi ana bwana wake.

Basi jibu letu ni hili: aliyeamuru ana hatia ya amri yake, na aliyetenda ana hatia ya tendo lake. Hatia haigawanywi kama nyama, hata mmoja akichukua kubwa mwingine abaki na ndogo. Dhamiri haiazimwi. Mtu aweza kumpa mkuu wake mikono yake, na muda wake, hata uhai wake. Lakini dhamiri si mali yake apate kuitoa.

Kwa vijana wanaoingia katika kazi ya askari twasema: Nendeni kwa heshima, maana Yohana Mbatizaji alipoulizwa na askari hakuwaambia waache kazi yao, aliwaonya wasimdhulumu mtu, tena watosheke na mshahara wao. Lakini kabla ya kuapa, ulizeni mnaapa kwa nani, na kwa mpaka gani. Kiapo kwa nchi na sheria ni kiapo cha mtu huru. Kiapo kwa mtu, bila mpaka, ni utumwa. Nanyi msio askari, makarani na walimu na wenyeviti wa vijiji, jifunzeni kukataa uovu mdogo wakati ambapo kukataa hakujawa ghali. Asiyeweza kuikataa karatasi ya uongo kwa kuogopa kuchekwa hataweza kutoka mstarini siku ya Józefów.

Na kwetu sisi wachungaji na wazee wa kanisa liko neno zito kuliko yote. Jägerstätter alipokwenda kwa askofu wake kuuliza afanye nini, alishauriwa aende vitani kwa ajili ya jamaa yake. Majirani zake nao wengi hawakumwelewa. Alisimama karibu peke yake. Kijana wa kwetu akija siku moja mlangoni petu, akasema ameamriwa jambo ambalo moyo wake walikataa, tusimwulize kwanza ni nani aliyemwamuru. Tumkaribishe, tumsikilize, tumwambie kweli yote pamoja na gharama yake. Na akikataa uovu, usharika umtunze yeye na nyumba yake.